Ni ya Kichwa ama ya Boti?

Mara ya kwanza mbogi yetu kushuka Coasti tulikuwa sita, mifuko imetoboka, vichwa zimejaa TikTok. Tulitua Diani na ile ushamba ya watu wa Kanairo: kila mtu akikutabasamia unadhani ni beshte. Hatujamaliza hata kukung'uta mchanga kwa viatu, jamaa mmoja akatujia na faili ya mapicha. Pomboo ameruka. Kasa anacheki kamera. Sahani ya kaa imejaa hadi inamwagika. "Wasini, Kisite, kila kitu. Thao mbili tu kichwa." Manze, tulituma M-Pesa kabla amalize kubonga.

Kesho yake tukafika gati ya Shimoni na maluku safi. Nahodha akatucheki, akauliza kiingilio cha hifadhi tumelipia wapi. Kiingilio gani? Kumbe ile thao mbili ilikuwa ya mathree na boti peke yake. Pesa ya KWS, bado. Miwani na snokeli, za kukodi. Lanchi, jipange. Tuliangaliana vile watu huangaliana bili ikifika mezani na ghafla kila mtu anataka kwenda choo. Yule wa faili? Mteja. Wawili wetu wakabaki gati wakichunga mabegi juu hawakuwa na chapaa, sisi wanne tukaenda na roho nzito, na mwisho wa siku kila mtu alikuwa ametoa karibu mara mbili ya ile bei ya faili.

Sisemi mabichi boi wote ni wezi. Wengi ni wasee wa hapo hapo, wanaijua hiyo bahari kuliko mtu yeyote wa ofisi, na komisheni ndio ugali yao. Wafala tulikuwa sisi. Hatukuuliza. Siku hizi kuna swali naulizanga kabla hata salamu ipoe: hiyo bei ni ya kichwa ama ni ya boti?

Cheki vile hesabu inaenda. Boti ikitoka, mafuta ni ile ile mkiwa wanne ama mkiwa kumi. Nahodha ni yule yule, na kijana wa nanga ni yule yule. Sema boti nzima ni 15,000 (huu ni mfano, usiende kupigana na mtu gati ukisema nilikuandikia). Mkiwa watano, kila msee anatoa 3,000. Mkijaza kumi, ni 1,500. Kiingilio chenyewe hakisongi, kila kichwa kinalipa chake na hakuna kubembeleza. Dishi pia inahesabiwa kwa kichwa. Kwa hivyo pahali pa kuangusha bei ni pamoja tu, kujaza boti. Ndio maana ukienda na dem wako mkiwa wawili, na mnataka boti yenu pekee ndio picha zitoke safi, mtagongwa mpaka mkosane kabla ya kurudi Nai. Ingieni kwa grupu ya watu hamjuani. Wataangalia samaki, hawatawaangalia nyinyi.

Lakini kupata hao kumi ndio ngori yenyewe. Ukifungua grupu ya WhatsApp ya tripu, watu kumi na saba wanaandika "niko ndani" na moto tatu tatu. Siku ya dipoziti wanabaki wanne, na mmoja wao anauliza kama anaweza tuma Ijumaa. Sisi tulikata hiyo stori. Lipa mdogo mdogo kwa miezi mitatu, na mwenye hajafikisha nusu wiki mbili kabla ya safari anatolewa bila maneno. Kiti chake anapewa mtu mwingine. Imevunja urafiki moja, lakini boti ilijaa.

Sasa, kwa nini Kisite na si pahali pengine? Hifadhi ya bahari ya Kisite-Mpunguti iko Kwale, huko chini kabisa karibu na mpaka wa Tanzania, mbele ya kisiwa cha Wasini, na imelindwa tangu 1973. Watu hawavui samaki ndani ya Kisite, na samaki wanaonekana wanajua hivyo. Unashusha uso kwa maji na wanakupita kama mathree za Ronga saa kumi na mbili jioni: wa manjano, wa mistari, wengine rangi huwezi taja. Pomboo wanaonekana mara nyingi asubuhi mkielekea huko, na hapa ndio unapima kama nahodha ni mtu wa maana. Mzuri anazima ama anapunguza injini na kuwaacha wajilete. Mwenye anawafukuza kama sanse anafuata hoka, huyo anawaharibia kila mtu, na pomboo wenyewe wanahepa.

Bei rahisi inaanzia Kanairo, si ufuoni. SGR ya kawaida imekuwa 1,500 tangu 2024, na Desemba tiketi zinaisha hata kabla ujue unaenda. Kushuka Mombasa, unaweza pitia Likoni (feri ni bure kwa mtu wa miguu) halafu mathree hadi Ukunda, ama uchukue gari ya kupitia Dongo Kundu ukwepe jam yote ya mjini. Kutoka Ukunda, watu wa faili watakuuzia pia usafiri hadi Shimoni. Mkiwa kumi, sawa, unaweza lipa. Mkiwa wachache, panda mathree ya Lunga Lunga, shuka Kanana, na uchukue boda hadi Shimoni. Ni kazi kidogo, lakini unafika kwa wenye boti mwenyewe, hakuna mtu katikati. Huko unaongea na nahodha macho kwa macho, na boti unaiona kabla hujalipa.

Na ubebe ID. Kiingilio unalipia eCitizen, cash achana nayo, na bila kitambulisho hakuna mtu atajua wewe ni Mkenya juu ya Kiswahili yako ya Buruburu pekee. Tulikuwa na beshte mmoja amerudi kutoka majuu na pasipoti ya huko peke yake. Lafudhi ya Dandora, bei ya mzungu. Alilipa kwa hesabu ya dola, na hatujaacha kumcheka.

Hapa nataka nikae kidogo, juu watu wengi wa mbogi zetu hawajui kuogelea na wanaona aibu kusema. Sikia, mtu wangu. Hakuna kuchoma picha kwa kuvaa laifu jaketi. Kuchoma picha ni kubebwa na kijana wa boti ukipiga kelele jina la mamako. Kabla ulipe, uliza ziko ngapi, halafu uzihesabu kwa macho yako. Shika moja, vuta mshipi, cheki kama kifungo kinashika. Kama zimefungiwa chini ya mabenchi na kamba ya gunia, hiyo bei rahisi mwachie mwenyewe. Boti inafaa iwe na leseni ya Kenya Maritime Authority, na kuuliza si matusi. Nahodha msafi anakuonyesha bila kununa.

Uliza pia kama kuna mtu wa kuingia nanyi kwa maji. Grupu poa iko na kijana anavuta boya lililofungwa kamba, wenye hawajui kuogelea wanalishika kando kando, na anawazungusha polepole juu ya matumbawe mkicheki chini. Beshte yangu mmoja, hajawahi pita maji ya kiuno tangu azaliwe, alishika hilo boya dakika arobaini na akakataa kutoka. Kwa kijana kama huyo usiwe mkono birika. Mwachie kitu.

Miwani nayo iko na siri yake. Usikubali tu yenye umerushiwa. Iweke usoni bila mshipi, vuta pumzi na pua. Ikishika yenyewe, ni yako. Ikianguka, itaingiza maji siku nzima na utarudi ukisema kusnokeli ni ovyo. Wasee wa ndevu, pole, ndevu juu ya mdomo zinapitisha maji, kwa hivyo nyoeni ama mvumilie. Wenye braids, fungeni nyuma chini ili mshipi upate pa kukaa. Na ndio, unatema mate kwa kioo, unasugua, unasuuza, haiingizi ukungu. Kila mtu anafanya, hata yule dem ako na kucha ya thao tatu.

Halafu vaa tishati ndani ya maji. Najua mnasema sisi ni weusi jua litatufanya nini. Ukilala kifudifudi juu ya maji saa nzima, mgongo unaiva kama choma, na usiku unalala umekaa.

Chini huko, usisimame juu ya matumbawe. Yanakaa mawe lakini ni wanyama, wako hai, na wanakua polepole sana. Mwaka wa 1998 maji yalipopata joto la El Niño, matumbawe mengi ya Pwani yetu yalibadilika yakawa meupe na mengi yakafa, na miaka yote hii bado yanajikokota kurudi. Ukiyakanyaga na yale mapezi ya miguu, unavunja kitu kimezaliwa kabla yako. Tena matumbawe yenyewe pia yanakukata, na kuna wale wadudu weusi wenye miiba ndefu hawana story mingi. Makombe pia yaache huko huko. Na chupa za plastiki za kutumia mara moja zilipigwa marufuku kwa hifadhi na fuo zinazolindwa Juni 2020, kwa hivyo beba chupa yako ya kujaza. Hapo pia umeokoa soo mbili.

Watu hupanga hii tripu Desemba juu ndio wako na likizo. Desemba bahari ni fiti, kaskazi inavuma poa, maji ni kioo, lakini kila kitanda Diani kimepanda bei mpaka kinakutisha. Mimi naenda Februari. Njaanuari imeshapita, wageni wamepungua, wenye boti wanapokea simu haraka, na kaskazi bado iko. Kuanzia Juni kusi imeshika, mawimbi yanainuka, maji yanachafuka, na utatapika ile breko yote ulikula Ukunda. Tangawizi inasaidia, lakini haibadilishi bahari. Na kabla mpatane saa, muulize nahodha maji yanajaa na kupwa saa ngapi siku hiyo. Akikujibu bila kufikiria, umempata mtu. Akikuambia "saa yoyote ni sawa", huyo anauza kiti.

Lanchi ndio pahali nakatazanga watu kubana. Wasini hakuna gari hata moja, ni vichochoro vya mawe, watoto, mbuzi na harufu ya nazi. Kaa, wali wa nazi, samaki wa kupaka, na mwani wa kukaanga, yaani majani ya baharini yanalika kama krispi, kamulia ndimu. Bei ya tripu ikijumuisha hiyo dishi, hiyo ni diili. Ikikosa, lipa kivyako, pesa inabaki kisiwani. Kina mama wa kijiji pia wako na njia ya mbao inapita juu ya mikoko na matumbawe ya zamani yaliyobaki nchi kavu. Kiingilio ni chao na ni kidogo. Sasa usishuke kwa boti umevaa bikini ukipita msikitini, hapo ni mtaa wa Waislamu. Jifunge leso, vaa tishati, na tei iache Diani. Na "niaje mzae" kwa nahodha wa miaka sitini haiendi. Sema shikamoo. Mara ya pili tulisema shikamoo, tukaitwa wanangu, na tukaongezewa nusu saa kwa maji bila kuombwa kitu.

Kama Kisite ni mbali kwako, kuna Watamu, iko hifadhi tangu 1968, na ukiwa Kilifi ama Malindi hiyo ndio yako. Boti zinatoka ufuoni, safari ni fupi na kiuno hakikuumi. Mombasa pia iko na yake mbele ya Nyali na Bamburi, sawa kwa mtu ako na asubuhi moja tu. Pomboo, mimi bado naenda kusini.

Sisi tunashuka tena Februari. Boti ni ya watu kumi, tuko tisa, bei ni ya kichwa na tumeandikiwa chini kila kitu kilicho ndani: kiingilio, miwani, dishi, na laifu jaketi nilizihesabu mwenyewe. Kiti kimoja kimebaki. Usiandike "niko ndani". Tuma dipoziti.