Nyonga, vinasaba na swali la mzee wa Gairo

Keti na mzee wa Kikaguru pale Gairo, kando ya barabara ya Dodoma yanakouzwa magunia ya viazi vitamu, naye hatakawia kukuuliza: wewe wa ukoo gani? Kwa Wakaguru jibu hutoka kwa mama. Mtoto ni wa ukoo wa aliyemzaa, na mjomba ndiye wa kushauriwa. Je, mifupa nayo inaweza kujibu swali hilo?

Wataalamu huanza na swali jepesi zaidi: huyu alikuwa mwanamume au mwanamke? Hapo nyonga hupewa nafasi kabla ya fuvu. Nyuma yake pana pengo lililopinda kama mundu. Mtaalamu akitia kidole gumba kikabanwa, pengine ni mwanamume. Kikicheza, pengine ni mwanamke, maana nyonga yake ni pana, mtoto apate njia. Nyonga nzima ya mtu mzima hutoa jibu sahihi zaidi ya mara tisa katika kumi.

Kwa mtoto ambaye hajabalehe, mifupa haisemi kwa uhakika. Katika pango la Panga ya Saidi, Kilifi, yalifukuliwa mabaki ya mtoto wa miaka kama mitatu, aliyezikwa miaka 78,000 iliyopita akiwa amekunjwa kiubavu. Watafiti walimwita Mtoto, jina lisilotaja wa kike wala wa kiume.

Penye kimya cha mfupa, vinasaba husema. Mwaka 2023 jarida la Nature lilichapisha uchunguzi wa watu 80 waliozikwa kati ya mwaka 1250 na 1800, wengi wao katika miji ya pwani kama Manda, Mtwapa na Kilwa. Vinasaba vya mitokondria, ambavyo mtu hurithi kwa mama peke yake kama ukoo wa Kikaguru, vilikuwa vya Kiafrika kwa sehemu kubwa. Kromosomu Y, inayotoka kwa baba kwenda kwa mwana, mara nyingi ilitoka Asia, hasa Uajemi. Damu hizo zilianza kuchanganyika yapata mwaka 1000. Masimulizi ya Kilwa, ya Mshirazi wa Uajemi aliyeoa binti wa mwenyeji, yana mizizi.

Mifupa na vinasaba hutaja jinsi, yaani mwili. Jinsia, yaani nafasi ya mtu katika jamii, haiachi alama kwenye nyonga. Lamu, kwa desturi, binti alipewa nyumba alipoolewa; hakuna mfupa unaoonyesha nani alishika ufunguo.

Mpelekee mzee wa Gairo mifupa ya Mtwapa, umweleze habari ya mitokondria. Atawahesabu kwa mama: ni wa huku huku. Wajukuu wao, waliohesabu kwa baba, walijiita Washirazi. Pande zote mbili zimesoma kaburi lile lile, na hakuna aliyedanganya.