Kandanda, Kifo na Kisakale: Mchezo wa Kyiv wa 1942 katika Filamu za Kihistoria

Utangulizi

Filamu ya kihistoria haiko mbali sana na utendi. Zote mbili huchukua tukio lililopata kutokea, hulipunguzia yasiyofaa shabaha ya msanii, huliongezea yanayofaa, kisha hulikabidhi kwa hadhira liwe jambo la kukumbukwa. Kwa hiyo mhakiki wa kazi kama hizo hana budi kuuliza maswali mawili yaliyo mbalimbali. La kwanza: ni nini kilichotokea? La pili: kwa nini kilichotokea kinasimuliwa hivi na si vinginevyo? Anayejibu la kwanza tu huishia kuwa karani wa makosa ya msanii; anayejibu la pili tu huwasahau watu walioishi na kufa.

Kandanda imewavutia waongozaji wa filamu kwa sababu ina umbo la tamthilia tayari. Ina mahali maalumu, muda maalumu, pande mbili zinazokinzana, na hadhira iliyo ndani ya hadithi yenyewe. Mchezo ukiwekwa ndani ya vita au utawala wa mabavu, kila bao huwa na maana inayozidi bao. Makala haya yanachunguza mchezo mmoja uliochezwa mjini Kyiv, Ukraine, mwaka 1942, pamoja na filamu zilizozaliwa nao, kwa kusudi la kuonyesha jinsi jamii mbalimbali zilivyoutumia mchezo huo kujieleza zenyewe.

Tukio lenyewe

Majeshi ya Ujerumani yaliingia Kyiv tarehe 19 Septemba 1941. Siku kumi baadaye, katika bonde la Babyn Yar, Wayahudi zaidi ya 33,000 waliuawa kwa risasi katika muda wa siku mbili. Katika mji huo wenye njaa na hofu, baadhi ya wachezaji wa zamani wa klabu za Dynamo na Lokomotiv walipata kazi katika kiwanda cha mikate. Walipounda timu waliiita Start, yaani Mwanzo. Katika majira ya joto ya 1942 walicheza na timu za askari wa Kijerumani, wa Kihungaria na wa Kirumania, wakashinda.

Tarehe 6 Agosti waliifunga Flakelf, timu ya Wajerumani waliohusiana na mizinga ya kutungulia ndege, mabao 5 kwa 1. Mchezo wa marudiano ulifanyika tarehe 9 Agosti, na Start wakashinda tena, 5 kwa 3. Huu ndio uliokuja kuitwa Mchezo wa Kifo. Tarehe 16 Agosti Start walicheza tena, wakaifunga timu ya Rukh mabao 8 kwa 0. Siku mbili baadaye Gestapo walianza kuwakamata. Mykola Korotkykh alikufa mikononi mwao. Wengine walipelekwa kambi ya Syrets, na huko, tarehe 24 Februari 1943, Mykola Trusevych aliyekuwa mlinda lango, Ivan Kuzmenko na Oleksiy Klymenko walipigwa risasi. Wenzao kadhaa waliokoka, miongoni mwao Makar Honcharenko.

Hadithi iliyoenea katika Muungano wa Kisovieti baada ya vita ni nyingine. Ndani yake wachezaji walionywa wakati wa mapumziko kwamba wakishinda watakufa, wakashinda, wakapigwa risasi mara baada ya mchezo, jezi zingali mwilini. Ikilinganishwa na tarehe zilizotajwa hapo juu, hadithi hii imefanya jambo moja kubwa: imeifuta miezi sita iliyo kati ya bao la mwisho na risasi. Mwaka 2005 waendesha mashtaka wa Hamburg waliifunga kesi waliyokuwa wakiichunguza, kwa kukosa ushahidi wa kuunganisha ushindi ule na mauaji yale.

Fábri: mchezo wa wafungwa

Mwaka 1961 mwongozaji wa Kihungaria Zoltán Fábri alitoa filamu ya *Két félidő a pokolban*, yaani Vipindi Viwili Jehanamu. Fábri hakubaki Kyiv. Mandhari yake ni kikosi cha shokoa cha Wahungaria huko Ukraine mwaka 1944. Wajerumani wanataka kuadhimisha siku ya kuzaliwa ya Hitler kwa mchezo wa kandanda, na Ónodi, mchezaji aliyekuwa maarufu kabla ya vita, anaamriwa kuunda timu. Anadai mpira, chakula cha ziada na kupumzishwa kazi. Kuanzia hapo kuchaguliwa kuwa mchezaji ni kuchaguliwa kula, na mtu asiyejua hata kupiga mpira anadanganya ili aingizwe katika timu.

Hapa ndipo uzito wa filamu ulipo. Sehemu kubwa yake haihusu ushujaa, inahusu mkate. Wafungwa wanajaribu kutoroka, wanakamatwa, wanahukumiwa kifo, na bado wanatakiwa kucheza. Wanapoanza kushinda wanapigwa risasi uwanjani. Fábri ameikubali hadithi ya kifo cha papo hapo, lakini amebadilisha walengwa wa lawama. Vikosi vya shokoa vilikuwa vya jeshi la Hungaria yenyewe, mshirika wa Ujerumani, na ndani yake walitiwa Wayahudi na watu walioshukiwa kisiasa. Wafungwa hao walikuwa wafungwa wa nchi yao kabla hawajawa wa Wajerumani. Hadhira ya Hungaria ya 1961, iliyokuwa imeona uasi wa 1956 ukizimwa na wachezaji wake mashuhuri kama Ferenc Puskás wakihamia ng'ambo, haikuhitaji kufafanuliwa maana ya mchezaji anayecheza chini ya bunduki.

Mwaka uliofuata Yevgeni Karelov wa Moscow alitoa filamu ya *Tretiy taym*, yaani Kipindi cha Tatu, iliyotokana na hadithi ya Aleksandr Borshchagovsky. Filamu hiyo iliirudisha hadithi nyumbani kwake na kuithibitisha kwa umma wa Kisovieti kama mfano wa uzalendo.

Huston: mchezo wa wakombozi

Filamu iliyowafikia watu wengi zaidi ni *Escape to Victory* ya John Huston, ya mwaka 1981. Mateka wa vita wa nchi za Muungano wanapambana na timu ya Ujerumani jijini Paris. Michael Caine na Sylvester Stallone wanaigiza pamoja na wachezaji halisi: Pelé wa Brazili, Bobby Moore wa Uingereza, Osvaldo Ardiles wa Ajentina na Kazimierz Deyna wa Polandi. Uwanja unaoonekana si wa Paris bali wa Budapest, mji wa Fábri.

Wakati wa mapumziko timu ya mateka iko nyuma kwa mabao 4 kwa 1, na njia ya kutorokea imekwisha chimbwa hadi bafuni. Wachezaji wanakataa kutoroka. Wanarudi uwanjani, wanasawazisha 4 kwa 4, mlinda lango anaokoa penalti, na umati unaingia uwanjani na kuwatorosha. Hakuna anayepigwa risasi. Kifo kilichokuwa kiini cha hadithi ya Kyiv kimeondolewa kabisa, na mahali pake pamewekwa furaha.

Hata hivyo ukweli unapenya mara mbili. Mara ya kwanza ni pale nahodha anapodai aletewe wachezaji wa Ulaya Mashariki. Wanaletwa watu waliokonda hata hawawezi kukimbia, na kwa dakika chache mtazamaji anaona vita ambavyo filamu nzima imevificha. Mara ya pili ni katika mhusika wa Pelé, askari kutoka Trinidad. Katika mtu huyo mmoja wamewakilishwa maelfu ya watu wa makoloni waliopigana vita hivyo, wakiwamo askari wa KAR waliofika hadi Burma. Anafunga bao zuri kuliko yote, lakini filamu haimwulizi alifikaje katika vita vya wengine.

Mwaka 2012, Andrei Malyukov wa Urusi alitoa filamu ya *Match*, muda mfupi kabla ya Ukraine na Polandi kuandaa mashindano ya Ulaya. Ilizua mabishano makali Ukraine, kwa kuwa washirika wa Wajerumani ndani yake ndio wanaozungumza Kiukraini. Miaka 70 baada ya mchezo, swali halikuwa tena nani alifunga, bali nani aliyekuwa msaliti na kwa lugha gani.

Kisakale na waliookoka

Msomaji wa fasihi ya Kiswahili hatashangazwa na mabadiliko haya. Katika *Utendi wa Fumo Liyongo*, ulioandikwa na Muhammad Kijumwa mwaka 1913, shujaa aliyefungwa anapelekewa tupa ndani ya mkate, kisha anaikata minyororo yake huku kelele za ngoma zikiuziba mlio wa chuma. Mkate, mchezo na kutoroka vimo humo pia. Na Liyongo hafi kitandani: anakufa amepiga goti kisimani, upinde mkononi, na watu hawathubutu kumkaribia. Kisakale humchagulia shujaa kifo kinachoonekana na kila mtu.

Lakini kuna tofauti isiyopasa kupuuzwa. Waliomjua Liyongo hawakuwapo kumsahihisha mtunzi, ilhali Honcharenko na wenzake walikuwa hai Kyiv wakati filamu zikionyeshwa. Baada ya vita waliookoka walitazamwa kwa shaka, kwa kuwa walikuwa wamecheza na adui na bado wanapumua. Kisakale kilipokuja kutukuzwa, kilihitaji maiti zaidi kuliko mashahidi. Katika miaka ya 1960 walitunukiwa nishani, lakini kwa hadithi ambayo haikuwa yao hasa. Mwaka 1992, Muungano wa Kisovieti ulipokuwa umekwisha kuvunjika, Honcharenko alieleza waziwazi kwamba wenzake walikufa kama walivyokufa watu wengine wengi wa wakati ule.

Hitimisho

Filamu hizi zinaonyesha kwamba kandanda katika sanaa haiwi kamwe mchezo mtupu. Fábri aliutumia kuuliza mtu hubaki na nini akinyang'anywa kila kitu. Karelov kujenga uzalendo. Huston kuburudisha na kufariji. Malyukov, apende asipende, kuchokonoa donda la zamani. Si haki kumlaumu msanii kwa kubuni, maana kubuni ndiyo kazi yake. Ila mhakiki ana wajibu wa kuirudisha ile miezi sita iliyofutwa. Trusevych hakuuawa kwa utukufu mbele ya umati uliokuwa ukimshangilia. Aliuawa kambini, wakati wa baridi, pasipo mtazamaji. Hilo halipunguzi ushindi wa 5 kwa 3. Linaonyesha tu kwamba waliomuua hawakuhitaji sababu ya bao.