Siku Mbili Swansea: Mama Naye Apumzike

Mapumziko si anasa. Sisi wauguzi tunajua kwamba mwili uliochoka huugua upesi. Kwa familia zinazoishi Uingereza, au mama aliyekwenda kumwona mwanawe huko, tunapendekeza Swansea, mji wa pwani ya kusini mwa Wales. Kutoka London ni safari ya treni ya saa tatu hivi.

Siku ya kwanza tubaki mjini. Makumbusho ya National Waterfront, yaliyofunguliwa mwaka 2005, hayatozi kiingilio. Watoto wataona mashine na kazi zilizoijenga Wales. Kisha twende sokoni tukanunue vikeki vya zabibu kavu, na tuonje mwani uliopikwa, chakula cha asili cha huko.

Siku ya pili twende Rhossili, kwenye rasi ya Gower. Mbele yake ipo Worm's Head, ambayo maji yakijaa huwa kisiwa. Njia ya mawe hupitika kwa muda wa saa mbili na nusu tu kabla na baada ya maji kupwa kabisa. Tuulize saa kwanza! Ukichelewa, usivuke, ngoja yapwe tena.

Bahari ya huko ni baridi hata kiangazi, na mtoto hupoteza joto upesi kuliko mtu mzima. Akitetemeka, mtoe majini, mvue nguo mbichi, mkaushe, mvike sweta na kofia.

Na baba je? Awaangalie watoto, mama akae kimya walau nusu saa.