Muuguzi Anayehama Jimbo: Leseni Kwanza, Mizigo Baadaye

Katika familia zetu si jambo geni tena kuwa na binti, shangazi au mkwe anayefanya kazi ya uuguzi nchini Marekani. Mshahara wake ndio unaolipa ada za wadogo zake Tanga, ndio unaonunua dawa za sukari za mama mzazi Mombasa, na siku ya Idi ndio unaowavisha watoto wa ukoo mzima. Mshahara huo ukikatika, kishindo chake husikika hadi huku. Ijumaa hii tumeona tulizungumzie jambo moja linaloweza kuukata ghafla, ilhali mwenyewe hakufukuzwa kazi wala hakuugua: kuhama jimbo kabla ya kushughulikia leseni.

Tunamfahamu mama mmoja, ambaye jina lake tunalisitiri, aliyekuwa muuguzi mjini Columbus, jimbo la Ohio. Mwaka 2024 mumewe alipata kazi Minneapolis, jimbo la Minnesota. Wote wawili walifurahi, kwani mji ule una Waislamu wengi wenye asili ya Afrika Mashariki, hasa Wasomali, na watoto wangepata madrasa karibu na nyumbani. Wakaikabidhi nyumba ya kupanga, wakapakia vyombo, wakaondoka. Leseni ya yule mama ilikuwa imeandikwa kuwa ni ya majimbo mengi, naye akaona hapana haja ya kuuliza.

Hospitali iliyokuwa tayari kumwajiri ilimwambia, kwa upole lakini kwa uthabiti, kwamba kwa leseni ile hawezi kumhudumia hata mgonjwa mmoja. Alikaa nyumbani karibu miezi mitatu. Kodi ililipwa kwa mshahara wa mume peke yake, na fedha za huku nyumbani zikasimama. Mama mkwe wake, ambaye hakuelezwa kitu kwa sababu ya haya, alianza kunong'ona kwamba mke wa mwanawe amebadilika. Hilo, alituambia, lilimuuma kuliko kodi.

Inafaa ifahamike kwamba Marekani haina leseni moja ya uuguzi kwa nchi nzima. Kila jimbo lina baraza lake lenye sheria zake, na ruhusa inayohitajika ni ya jimbo alipo mgonjwa, hata kama muuguzi anampa ushauri kwa simu kutoka mbali. Lisitushangaze sana hilo, kwani hata Tanzania Bara na Zanzibar zina mabaraza mawili tofauti ya wauguzi na wakunga. Mtihani ndio ulio mmoja, nao huitwa NCLEX. Aliyeufaulu hatakiwi kuurudia kwa sababu tu amehama. Anachoomba katika jimbo jipya ni kutambuliwa na kupewa leseni ya huko.

Tokea mwaka 2000 majimbo machache yalianza kutekeleza mkataba wa kutambuliana leseni. Mkataba huo uliandikwa upya na kuanza kutumika Januari 2018, na leo majimbo yaliyomo yanazidi 40. Ohio iliingia rasmi tarehe 1 Januari 2023. Ila hadi mwaka 2025 California, New York na Minnesota zilikuwa bado hazimo, na hapo ndipo alipojikwaa mama yetu. Tena kuna jambo la pili ambalo wengi hawalijui: leseni ya majimbo mengi hufuata makazi. Ukihamia jimbo lisilo katika mkataba, ile uliyoiacha nyuma hugeuka kuwa ya jimbo lile moja tu.

Ama anayehama kutoka jimbo la mkataba kwenda jingine la mkataba, njia yake ni nyepesi zaidi. Anaweza kuendelea na kazi kwa leseni aliyokuja nayo, lakini kwa kanuni iliyoanza tarehe 2 Januari 2024, hapana budi aombe leseni ya jimbo jipya ndani ya siku 60 tangu kuhamia. Siku hizo ni za kuomba, wala kanuni haimzuii kuomba hata kabla ya kuhama.

Maombi yenyewe hupelekwa kwa baraza la jimbo jipya. Alama za vidole huchukuliwa ili kumbukumbu za jinai zichunguzwe. Leseni ya zamani huthibitishwa, aghalabu kupitia mtandao uitwao Nursys, kwa ada ya dola 30 kwa kila baraza linaloombwa. Ni mwombaji mwenyewe anayepaswa kuagiza uthibitisho huo. Wapo wanaosubiri wiki nzima wakidhani baraza la zamani litautuma lenyewe. Majimbo mengine huongeza lao: Texas, kwa mfano, hutaka mtihani mfupi wa sheria zake za uuguzi. Yapo pia yanayotoa kibali cha muda wakati wa kusubiri, nalo ni swali la kuuliza mapema. Waliosomea Kenya au Tanzania wana mzigo wa ziada, kwani huenda chuo kikatakiwa kutuma kumbukumbu za masomo moja kwa moja, na sote tunajua barua ya chuo inavyoweza kuchelewa.

Hapa hatuna budi kusema neno juu ya majina yetu. Cheti cha chuo kinasema Mwanaisha, pasi ya kusafiria inasema Mwana Aisha. Baba ni Mohamed hapa na Mohammed pale. Kisha baada ya ndoa likaongezwa jina la mume. Kwetu huyo ni mtu mmoja, lakini kwa karani wa baraza hao ni watu watatu. Mwenye hali hii atengeneze majina yake mapema, na awe na cheti cha ndoa kilichosajiliwa serikalini, kwani karatasi ya msikiti peke yake huenda isikubaliwe.

Fomu pia huuliza kama mwombaji aliwahi kuhukumiwa au kuchukuliwa hatua za nidhamu kazini. Ajibu kweli. Kosa dogo la zamani lililoelezwa huweza kusamehewa, lakini uongo juu yake ni kosa jipya. Na katika kungoja, asishawishike kufanya kazi ya uuguzi kimya kimya, hata akiombwa na jamaa mwenye nyumba ya wazee. Ziko kazi za kuhudumia wazee majumbani zisizodai leseni hiyo, maadamu hajiiti muuguzi.

Mama yetu alipata leseni yake na akarudi wodini. Mama mkwe naye alielezwa yote hatimaye, akasema angeambiwa mapema angepunguza matumizi, kwani yeye si mtoto. Mwaka 2025 mdogo wake yule mama, aliye muuguzi pia huko Ohio, alipotaka kuhamia Houston, swali la kwanza aliloulizwa na dada yake halikuwa juu ya nyumba wala shule. Maombi yake yalifika kwa baraza la Texas wakati makabati yake yangali yamejaa vyombo.