Kunku: Bibi Harusi Aliyekataa

Nira hakumchagua mumewe. Waliomlea walipokea fedha, wakamwoza kwa hila Kakasaheb, wakili mzee, mgane mwenye watoto wazima. Kesho yake kila mtu alitarajia alie, kisha azoee. Nira hakuzoea. Hakutoroka wala hakurudi kwao. Alibaki humohumo nyumbani, akakataa kuwa mke wa mzee huyo.

Hicho ndicho kisa cha Kunku, filamu ya Kimarathi iliyotolewa mwaka 1937 na kampuni ya Prabhat ya Pune, India, kutokana na riwaya ya Narayan Hari Apte. Mwongozaji V. Shantaram aliitengeneza pia kwa Kihindi, ikaitwa Duniya Na Mane. Kunku ni alama nyekundu ambayo mke wa Kihindu hujipaka kwenye paji la uso mumewe akiwa hai.

Shantaram hakuweka muziki wa kutia chumvi. Tunachosikia ni sauti za nyumba yenyewe: saa ya ukutani ikigonga, gramafoni ikiimba. Kimya hicho kinamwumbua Kakasaheb, anayepaka masharubu rangi nyeusi huku kioo kikimwambia ukweli. Keshavrao Date amemwigiza kwa utu mkubwa, hata tunamwonea huruma mtu aliyetenda uovu kwa baraka za jamaa wote. Kwangu, hapo ndipo penye ukali wa filamu hii: hakuna jini nyumbani humo, kuna wajibu tu, na kila mmoja anautaja kwa faida yake. Sheria ya India ya 1929 iliweka miaka 14 kuwa umri wa chini wa msichana kuolewa. Haikumzuia bwana harusi anayeweza kuwa baba yake kumwoa aliyefikisha umri huo.

Mwishoni dhamiri inamshinda mzee, anajiua, akimwachia Nira ruhusa ya kuolewa tena. Wengi wameusifu mwisho huo. Mimi unaniuma. Sheria iliruhusu wajane kuolewa tangu 1856, lakini mila haikuwaruhusu, na kifo hicho kinamwachia msichana mzigo mwingine asioutaka.

Shanta Apte, aliyemwigiza Nira, hakuwa na ujasiri wa kwenye filamu pekee. Mwaka 1939, katika mgogoro wa mkataba wake, aliketi langoni pa studio za Prabhat akagoma kula.