Nyumba Moja kwa Bei ya Tatu: Fundisho la Mikopo ya Rehani Nchini Kenya

Ndugu msikilizaji, kila askari, awe wa jeshi la ulinzi au wa jeshi la polisi, anafahamu jambo moja ambalo raia wengi hawalifikirii: nyumba anayokaa si yake. Ni nyumba ya kambi. Siku anapokabidhi sare, siku hiyo hiyo anakabidhi ufunguo. Kwa hiyo swali la wapi ataweka kichwa chake na jamaa zake baada ya utumishi ni swali zito, na si ajabu kwamba mikopo ya kununulia nyumba inapotangazwa, askari ni miongoni mwa watu wa kwanza kuitegea sikio. Mshahara wake ni wa uhakika, unalipwa na Serikali, na kila mkopeshaji anaulilia.

Katika mazungumzo yetu ya leo tutaitazama nchi jirani ya Kenya, ambako mikopo ya aina hii imezungumzwa sana, imetungiwa sheria na kuundiwa vyombo. Nia yetu ni kueleza gharama halisi ya mkopo huo, tangu siku ya kwanza mpaka siku ya mwisho, ili msikilizaji aweze kupiga hesabu mwenyewe kabla ya kutia saini.

Mkopo wa rehani maana yake ni hii. Benki inatoa fedha za kununulia nyumba, na nyumba hiyo hiyo inawekwa dhamana. Mkopaji anaishi ndani yake, lakini hati imo mikononi mwa benki mpaka deni liishe. Nchini Kenya watu wenye mikopo ya namna hiyo ni wachache mno. Kwa mujibu wa taarifa za Benki Kuu ya nchi hiyo, mwishoni mwa mwaka 2023 mikopo hiyo ilikuwa kama 30,000 tu, katika nchi ambayo sensa ya mwaka 2019 ilihesabu watu zaidi ya milioni 47. Wastani wa mkopo mmoja ulizidi shilingi milioni 9 za Kenya, na wastani wa riba katika mwaka huo ulikuwa takriban asilimia 14. Wananchi walio wengi hujenga kidogo kidogo, tofali kwa tofali, kwa akiba zao na kwa mikopo ya vyama vya akiba na mikopo.

Sasa natutazame hesabu. Tuchukue mfano wa mtumishi anayenunua nyumba ya shilingi milioni 5 za Kenya. Anatoa kianzio cha milioni 1, na benki inamkopesha milioni 4 kwa riba ya asilimia 14 kwa mwaka, kwa muda wa miaka 20. Malipo yake ya kila mwezi yatakuwa shilingi 49,741. Katika tangazo, tarakimu hiyo moja ndiyo inayoandikwa kwa herufi kubwa. Lakini ukizidisha kwa miezi 240 utapata karibu shilingi milioni 11.94. Yaani aliyekopa milioni 4 atarudisha karibu milioni 12. Riba peke yake inakaribia milioni 8. Mtu huyo amepata nyumba moja, na kwa mkopo ule amelipa fedha zinazokaribia kuwa mara tatu ya alizopokea.

Wapo watakaouliza: inawezekanaje riba ya asilimia 14 izae deni mara tatu? Jawabu limo katika namna malipo yanavyogawanywa. Kila mwezi benki hukata kwanza riba ya deni lote lililobaki, na kinachosalia ndicho kinachopunguza deni lenyewe. Katika mwezi wa kwanza wa mfano wetu, riba ni shilingi 46,667. Kwa hiyo, katika zile shilingi 49,741 alizolipa, ni shilingi 3,074 tu zilizopunguza deni. Mwaka wa kwanza ukiisha, mkopaji atakuwa ametoa karibu shilingi 597,000, na deni lake litakuwa limepungua kwa shilingi 39,000 na ushei.

Hali hiyo haiondoki upesi. Baada ya miaka 10, yaani nusu ya safari, mkopaji amekwisha kulipa karibu shilingi milioni 6. Angedhani kwamba deni limebaki nusu. La hasha. Bado anadaiwa kama milioni 3.2, zaidi ya robo tatu ya fedha alizokopa. Nusu ya deni ataifikia katika mwaka wa 16. Basi mtu aliyekopa akiwa na umri wa miaka 35, akalazimika kustaafu akiwa na miaka 45, anaondoka kazini akiwa na deni la milioni 3.2 mgongoni, huku mshahara uliokuwa ukilipa deni umekoma. Kiinua mgongo chake, ambacho kilikusudiwa kimpe mwanzo mpya, kinakuwa mali ya mkopeshaji kabla hakijafika mkononi. Hatari hiyo inamhusu askari kuliko watumishi wengine wengi, kwa kuwa katika majeshi mengi askari wa vyeo vya chini hustaafu mapema.

Jambo la pili la kuangaliwa ni kwamba riba haikai mahali pamoja. Mikopo mingi ya nyumba nchini Kenya ni ya riba inayobadilika, yaani benki ina haki ya kuipandisha kufuatana na hali ya fedha nchini. Mwanzoni mwa mwaka 2022 kiwango cha msingi cha Benki Kuu ya Kenya kilikuwa asilimia 7. Kufikia Februari 2024 kilikuwa kimepandishwa hadi asilimia 13, kabla ya kuanza kuteremshwa mwezi Agosti mwaka huo. Katika mfano wetu, laiti riba ingekuwa asilimia 16 badala ya 14, malipo ya kila mwezi yangefika shilingi 55,650. Hiyo ni nyongeza ya karibu shilingi 6,000 kwa mwezi, na mshahara haupandi kwa sababu riba imepanda.

Serikali ya Kenya ilipata kujaribu kuifunga riba kwa sheria. Mwezi Septemba 2016 ilianza kutumika sheria iliyokataza mabenki kutoza zaidi ya asilimia 4 juu ya kiwango cha msingi cha Benki Kuu. Wakopaji walishangilia. Lakini mabenki yalipunguza kuwakopesha watu wadogo na wenye biashara ndogo, yakaona heri kuikopesha Serikali, ambayo haishindwi kulipa. Mwezi Novemba 2019 sheria hiyo ikafutwa. Fundisho lake ni kwamba kumpangia bei mwenye fedha ni rahisi; kumlazimisha autoe mkopo ni vigumu.

Njia nyingine iliyofuatwa ilikuwa kuunda kampuni maalumu inayoyapatia mabenki na vyama vya akiba na mikopo fedha za muda mrefu kwa bei nafuu. Kampuni hiyo ya Kenya iliundwa mwaka 2018, na shabaha yake ni kumwezesha mwenye kipato cha kadiri kukopa kwa riba iliyo chini ya asilimia 10. Tofauti yake si ndogo. Mkopo ule ule wa milioni 4 kwa miaka 20, ukitozwa asilimia 9, unalipwa kwa shilingi 35,989 kwa mwezi, na jumla yake ni kama milioni 8.64. Asilimia 5 zilizopunguzwa zinamwokolea mkopaji shilingi milioni 3.3. Hapa kwetu Tanzania tunayo kampuni ya namna hiyo tangu mwaka 2010, baada ya sheria ya mikopo ya rehani ya mwaka 2008 na baada ya pengo lililoachwa na Benki ya Nyumba, iliyoanzishwa mwaka 1973 na kufungwa mwaka 1995.

Ndugu msikilizaji, riba siyo gharama pekee. Nchini Kenya mnunuzi wa nyumba ya mjini hulipa ushuru wa stempu wa asilimia 4 ya thamani yake, na asilimia 2 ikiwa ni nje ya miji. Kwa nyumba ya milioni 5 mjini, ushuru huo ni shilingi 200,000. Kuna ujira wa wakili, wa mthamini, ada ya benki, bima ya nyumba na bima ya maisha ya mkopaji. Hizi hulipwa mbali na kianzio, na nyingine hulipwa kila mwaka. Kwa upande mwingine Serikali hutoa nafuu: tangu mwishoni mwa Desemba 2024, mkopaji anaruhusiwa kuondoa riba ya hadi shilingi 360,000 kwa mwaka katika mapato yake yanayotozwa kodi. Nafuu hiyo ni ya kweli, ila mtu asidhani kwamba analipiwa shilingi 360,000. Anasamehewa tu kodi ambayo ingetozwa juu ya kiasi hicho.

Na mkopaji akishindwa? Sheria ya Ardhi ya Kenya ya mwaka 2012 haimruhusu mkopeshaji kuiuza nyumba kwa ghafla. Ni lazima kwanza atoe taarifa ya muda usiopungua miezi mitatu ili mdaiwa arekebishe kosa lake, kisha taarifa nyingine ya siku zisizopungua 40 kabla ya kuuza. Tena nyumba ya familia haiwezi kuwekwa rehani kihalali bila ya idhini ya mke au mume. Askari aliye safarini kikazi, na mke aliye nyumbani, kila mmoja anapaswa kuifahamu haki hiyo. Aidha, sheria ya mabenki ya Kenya, tangu mwaka 2007, inaweka ukomo kwamba mkopo ukishaharibika, riba inayoweza kudaiwa toka hapo isizidi deni la msingi lililokuwapo wakati huo. Lakini kinga hiyo ni ya mkopo uliokwama. Haimpunguzii chochote yule anayelipa vizuri kila mwezi kwa miaka 20.

Je, maana yake ni kwamba askari asikope? Hatusemi hivyo. Mpangaji naye hulipa kila mwezi, na mwisho wa miaka 20 hana hata dirisha. Tena shilingi ya miaka 20 ijayo haitakuwa na nguvu ya shilingi ya leo, na kama mshahara utaongezeka, mzigo utakuwa mwepesi kadiri miaka inavyokwenda. Tunachosema ni kwamba mkopaji ana silaha, nazo ni mbili.

Silaha ya kwanza ni muda. Mkopo wa milioni 4 kwa asilimia 14, ukilipwa kwa miaka 10 badala ya 20, unataka shilingi 62,107 kwa mwezi. Ni nyongeza ya shilingi 12,366, lakini jumla ya malipo inashuka toka karibu milioni 11.94 hadi milioni 7.45. Asiyemudu muda mfupi na akope kidogo, anunue nyumba ndogo zaidi, au aongeze akiba ya kianzio kabla ya kukopa.

Silaha ya pili ni kulipunguza deni la msingi mapema. Mkopaji wetu wa miaka 20 akiongeza shilingi 5,000 tu kila mwezi tangu mwanzo, deni litakwisha kwa muda wa miaka 13 na miezi 9, na ataokoa kama milioni 2.9. Na hapa wapo askari wenye nafasi ya pekee. Majeshi ya nchi zetu yamekuwa yakishiriki katika ulinzi wa amani: wanajeshi wa Kenya waliingia Somalia mwaka 2011, na wa kwetu walipelekwa mashariki ya Kongo katika kikosi maalumu cha Umoja wa Mataifa mwaka 2013. Posho za safari hizo ni za muda. Ni kosa kubwa kupanga malipo ya miaka 20 kwa kuzitegemea. Lakini askari akirejea na shilingi 500,000 za Kenya, akazilipa zote kwenye deni mwishoni mwa mwaka wa kwanza, na akaendelea na malipo yake ya kawaida, atapunguza miezi 84, yaani miaka 7 kamili. Shilingi hizo laki 5 zitamwokolea zaidi ya milioni 3.6. Fedha hizo hizo akizilipa katika mwaka wa 18, zitaokoa kidogo tu, kwa kuwa riba kubwa imekwisha kuliwa.

Kwa hiyo, kabla ya kutia saini, askari na aulize maswali haya, na adai majibu kwa maandishi. Jumla ya fedha nitakazolipa mpaka mwisho ni kiasi gani? Riba inahesabiwa juu ya deni lililobaki, au juu ya mkopo wote wa mwanzo? Inaweza kupanda, na nitaarifiwaje? Nikilipa kabla ya wakati, nitatozwa faini? Na nikiongeza malipo, muda ndio utakaopungua? Tarehe ya malipo ya mwisho inatangulia tarehe yangu ya kustaafu, au inakuja nyuma yake?

Swali hili la mwisho ndilo lenye uzito kuliko yote. Askari hufundishwa kwamba haingii mahali bila ya kuijua njia ya kutokea. Deni la nyumba nalo ni vivyo hivyo. Ambaye tarehe ya kutoka kwake haijulikani, au iko ng'ambo ya siku ya kustaafu, huyo na asubiri, aweke akiba, apige hesabu upya, ili siku atakapokabidhi ufunguo wa kambi, ule wa nyumbani uwe mkononi mwake na si mkononi mwa dalali wa mnada.