Korchnoi, Grandimasta Aliyekosa Taji

Orodha ya mabingwa wa dunia wa sataranji huanzia mwaka 1886, na jina la Viktor Korchnoi halimo. Alicheza fainali mbili za ubingwa, mwaka 1978 na 1981, na zote mbili akashindwa na mtu yuleyule, Anatoly Karpov. Kwa watu wengi habari yake inaishia hapo. Mimi wanaoanza mchezo huu wakiniuliza ni grandimasta gani wamsome kwanza, humtaja yeye kabla ya bingwa yeyote.

Kwanza tuelewane kuhusu cheo chenyewe. Ili mtu awe grandimasta, lazima afikishe pointi 2500 katika vipimo vya Elo. Pointi hizo hupanda ukimfunga aliyekuzidi na hushuka ukifungwa na uliyemzidi. Mwenye kumpita mwenzake kwa pointi 200 hutarajiwa kuvuna kama robo tatu ya alama zote wakikutana mara nyingi. Zaidi ya hayo kuna vigezo. Katika mashindano ambayo kwa kawaida huwa matatu, yenye jumla ya michezo isiyopungua 27, mchezaji aonyeshe uwezo wa mtu mwenye pointi 2600, tena dhidi ya wapinzani wa mataifa mbalimbali ambao baadhi yao ni magrandimasta. Hapo ndipo vijana wengi wa Afrika hukwama. Mwenye kipaji anayeishi mahali pasipo na grandimasta hana wa kumpimia uwezo wake, hivyo sharti asafiri, na safari ni fedha.

Cheo kikishapatikana ni cha maisha, hata mchezo wa mtu ukidorora kabisa. Shirikisho la Kimataifa la Sataranji, FIDE, lilipotoa vyeo vya kwanza mwaka 1950 liliwapa watu 27 duniani kote. Leo wenye cheo hicho wamepita 1,500. Kwa hiyo kujua kwamba fulani ni grandimasta hakutoshi kumwelewa; inabidi kuuliza alifanya nini baada ya kukipata, na kwa muda gani. Korchnoi alikipata mwaka 1956 na akaendelea kucheza kwa karibu miaka 60.

Alizaliwa Leningrad mwaka 1931. Vita vilipofika na mji kuzingirwa na majeshi ya Ujerumani, alikuwa mtoto wa miaka kumi. Baba yake alikufa katika vita hivyo, na njaa ilimaliza watu mtaa kwa mtaa. Mtoto huyo aliyenusurika ndiye aliyejiunga na klabu ya sataranji ya Jumba la Mapainia, kituo cha watoto, na mwaka 1947 akawa bingwa wa vijana wa Muungano wa Sovieti. Baadaye alitwaa ubingwa wa nchi nzima mara nne, katika zama ambazo mashindano ya taifa hilo yalikuwa magumu kuliko mengi ya kimataifa.

Mwaka 1974 alikutana na Karpov kutafuta nani atamkabili bingwa wa dunia, Bobby Fischer. Walicheza michezo 24. Karpov alishinda mitatu, Korchnoi miwili, na 19 ikaisha sare. Fischer hakutokea kutetea taji lake mwaka uliofuata, Karpov akavishwa bila kucheza. Tofauti ya mchezo mmoja, basi, ndiyo iliyoamua nani awe bingwa. Wakubwa wa michezo wa Moscow walikuwa upande wa Karpov, kijana wao wa mfano, na Korchnoi aliposema hadharani kwamba mpinzani wake hakumstaajabisha, walimpunguzia posho na kumzuia kusafiri. Alipopata tena ruhusa ya kutoka, mwaka 1976, alicheza mashindano ya Amsterdam, akaongoza pamoja na Mwingereza Tony Miles, kisha akaenda polisi kuomba hifadhi. Mke na mtoto wake wa kiume walibaki Leningrad.

Kuanzia hapo magrandimasta wa Kisovieti walisusia mashindano yoyote aliyoalikwa. Katika mchujo wa kuwania taji hawakuweza kumkwepa. Aliwatoa Petrosian, Polugaevsky na Spassky mmoja baada ya mwingine, wote wakiwa wa nchi aliyoikimbia, na hao wawili, Petrosian na Spassky, waliwahi kuwa mabingwa wa dunia. Ndivyo alivyofika Baguio, mji wa milimani huko Ufilipino, Julai 1978.

Kanuni ya Baguio ilikuwa kwamba anayetangulia kushinda michezo sita ndiye bingwa, na sare hazihesabiwi. Pambano likachukua miezi mitatu. Ugomvi ulianza mapema: Karpov aliletewa maziwa ya mtindi katikati ya mchezo, na kambi ya Korchnoi ikalalamika kwamba chakula hicho kingeweza kuwa ishara ya siri. Mwanasaikolojia wa Kisovieti, Vladimir Zukhar, alikaa ukumbini akimkodolea macho Korchnoi saa nzima nzima, naye Korchnoi akavaa miwani yenye vioo vya kuakisi. Viti vilipigwa picha za eksirei. Ni rahisi kuyasimulia hayo kama vituko, lakini nayaona kama kipimo cha shinikizo lililokuwapo: mtu mmoja asiye na nchi, mwenye miaka 47, alikuwa amekaa mbele ya kijana wa miaka 27 aliyekuwa na dola nzima nyuma yake.

Mchezo wa tano ulifika hatua 124, na ukaisha kwa mfalme wa Karpov kukosa pa kwenda bila kuwa ametishiwa, jambo ambalo kwa sheria ni sare. Korchnoi alikuwa ameiacha nafasi ya ushindi njiani. Baada ya michezo 27 Karpov alikuwa anaongoza 5 kwa 2, akihitaji mmoja tu. Kisha Korchnoi akashinda wa 28. Akashinda wa 29. Wa 30 ukawa sare, na wa 31 akashinda tena. Tano kwa tano, mbele ya bingwa wa dunia! Mchezo wa 32 aliupoteza, na taji likaenda nao.

Mwaka 1981, huko Merano nchini Italia, alishindwa vibaya, 6 kwa 2. Wakati huo mwanawe alikuwa kifungoni kwa kukataa kwenda jeshini. Aliachiwa mwaka uliofuata.

Kuna tendo moja ambalo kwangu linazidi pambano lolote. Mwaka 1983 alipangwa kucheza nusu fainali ya mchujo wa kuwania taji na Msovieti Garry Kasparov huko Pasadena, Marekani. Wasovieti walikataa mahali hapo, Kasparov hakutokea, na kwa kanuni Korchnoi alipewa ushindi. Angeweza kuushika. Alikubali badala yake mchezo upangwe upya London, katika mapatano yaliyokomesha ususiaji ule, na Kasparov akamshinda 7 kwa 4.

Ubaoni alikuwa mtu wa kukubali kushambuliwa. Alikuwa tayari kula askari ambaye wengine wangemwogopa, astahimili kipigo, halafu ageuze kibao mpinzani akiishiwa. Kinga ya Kifaransa, aliyoipenda maisha yake yote, ina tabia hiyohiyo: mwenye kete nyeusi humwachia mweupe eneo la katikati, hubanwa kwa muda, kisha huanza kuwakata askari wa mweupe waliotangulia mbele kwa kuwashambulia mizizi. Ni uchezaji unaodai kufikiri sana, na mara nyingi saa yake ilibaki na dakika chache.

Uzee haukumtoa. Miongoni mwa mabingwa wa dunia aliowafunga katika maisha yake wamo Tal, Fischer, Karpov, Kasparov, na hata Magnus Carlsen, mwaka 2004, Carlsen akiwa na miaka 14. Januari 2007, akiwa na miaka 75, bado alikuwa miongoni mwa wachezaji 100 bora duniani, na hakuna mwenye umri huo aliyewahi kufika hapo kabla yake. Mwaka 2011 alitwaa ubingwa wa Uswisi, nchi iliyompokea, akiwa na miaka 80. Alifariki huko Juni 2016.

Msomaji mwenye ubao nyumbani, hata ule wa plastiki, atafute mchezo wa Korchnoi na Fabiano Caruana huko Gibraltar, mapema mwaka huohuo wa 2011. Caruana alikuwa na miaka 18 na pointi zaidi ya 2700. Korchnoi alikuwa na miaka 79 na alizidiwa kwa zaidi ya pointi 150. Ucheze polepole, hatua kwa hatua, na kila zamu ya Korchnoi ikifika jiulize wewe ungesogeza kete gani kabla hujatazama aliyoisogeza yeye. Alishinda.